Sarafu za Kilimia: maswali kutoka Lindi na Mtwara

Toleo lililopita tuliwaomba wasomaji watunge fedha rasmi ya Kilimia, dola ya kubuni ambayo watu wake wamezaliwa na kukulia kwenye vituo vinavyoelea angani. Hawana sayari wanayoiita kwao, na madini yao huyachimba kwenye miamba inayolizunguka jua. Jina tulilichukua kwenye lile kundi la nyota ambalo wakulima hulitazama kabla ya kushika jembe. Barua nyingi za safari hii zimetoka kusini.

Watu walioishinda mbingu watembee na chenji mfukoni? Si wana simu?
*Wakala wa miamala, Mtwara mjini*

Wewe ndugu wakala unajua kuliko sisi kwamba muamala si kutuma tu, ni kusubiri ile meseji ya kuthibitisha. Angani meseji hiyo inachelewa kwa sababu isiyo na fundi. Mwanga na mawimbi ya redio hukimbia kilomita 300,000 hivi kwa sekunde, na hakuna ujumbe unaoyapita. Kutoka Dunia hadi Mirihi ni kati ya dakika 3 na 22, kutegemea sayari hizo mbili zimekaribiana au zimeachana kiasi gani. Kuuliza salio na kujibiwa ni mara mbili ya hapo. Mteja atasimama dirishani dakika 44 kwa ajili ya ndoo ya maji? Mpaka sayari ya Neptuni ni kama saa 4, kwenda tu. Nyota iliyo jirani kabisa na jua letu, Proxima Centauri, ni zaidi ya miaka 4.

Ubaya zaidi ni kwamba wakati wa kusubiri huko, mjanja mmoja anaweza kulipa kwa fedha ileile kwenye vituo viwili, kila kituo kikiamini salio la zamani. Sarafu haina shida hiyo, ikitoka mkononi imetoka. Kwa hiyo ndani ya kituo kimoja waache watu wako watumie simu, na sarafu uiweke kwenye biashara ya kituo na kituo. Majahazi yaliyofika pwani hii na kaskazi yakarudi na kusi yaliijua biashara ya aina hiyo: anayekuuzia leo utamwona tena mwakani, akijaaliwa.

Nimeweka dinari za dhahabu. Rafiki yangu anasema nimechukua njia ya mkato. Ana haki?
*Mwandishi wa hadithi, Lindi mjini*

Ana haki, ingawa kosa si dhahabu yenyewe. Kosa ni kuchagua madini kabla ya kujiuliza dola yako ina nini kwa wingi na inakosa nini.

Tazama Kimondo cha Mbozi, kule Songwe. Jiwe lile lenye urefu wa kama mita 3 ni chuma takriban asilimia 90, na sehemu kubwa ya kilichobaki ni nikeli. Wachimbaji wa Kilimia wanaishi juu ya miamba ya namna hiyo, kwa hiyo kwao chuma na nikeli ni kifusi. Sasa chukua shilingi 500 yetu iliyoanza kutumika mwaka 2014: chuma ndani, nikeli nje. Mtu wa Kilimia angeitumia kuzibia tundu la ukuta.

Hata platinamu na iridiamu hazitawasaidia. Duniani ni adimu kwa sababu dunia ilipokuwa bado ujiuji wa moto zilizama na chuma kwenda kwenye kiini, zikabaki chache huku juu. Kwenye vimondo vya chuma bado zimo. Na thamani ya madini huweza kuporomoka ghafla njia ya kuyapata ikirahisishwa. Mwaka 1884 mnara wa Washington kule Marekani uliwekewa kilele cha aluminiamu kwa sababu ilikuwa kitu cha kujivunia, ikishindana bei na madini ya fedha. Mwaka 1886 Hall na Héroult, kila mmoja kivyake, wakagundua namna ya kuitenga kwa umeme. Leo tunapikia wali ndani yake.

Jambo la pili ni uzito wa mzigo. Sarafu ya kipenyo cha milimita 30 na unene wa milimita 2 ina ujazo wa sentimita za ujazo 1.41. Ikiwa ya dhahabu ni gramu 27, ya chuma 11, ya titaniamu 6.4, ya aluminiamu 3.8. Sanduku la dhahabu la vipande 1,000 ni kilo 27 za kusukuma na za kusimamisha, na kila kilo hula mafuta ya chombo mara mbili.

Ushauri wetu: sarafu ndogondogo ziwe za titaniamu. Ukiipitishia umeme ikiwa ndani ya maji yenye kemikali ya kupitisha umeme, juu yake hutanda utando mwembamba, na unene wa utando ndio unaoamua rangi: dhahabu, buluu, zambarau. Hakuna wino wa kubanduka. Mbinu hiyohiyo ndiyo inayowapa Austria sarafu zao za ukumbusho zenye kiini cha niobiamu cha rangi, tangu 2003. Tahadhari moja kwa wahunzi wako: titaniamu hung'ang'ania muhuri wa kugongea na kuumenya, kwa hiyo mhusika wako asigonge vipande laki moja kwa muhuri mmoja.

Sarafu kubwa ziwe za kitu ambacho kimondo hakina. Seremala wa Nachingwea, hapa chini, ametuzidi akili.

Je, sarafu ya juu kabisa inaweza kuwa ya mpingo?
*Seremala, Nachingwea*

Inaweza, na hili ndilo wazo bora tulilopokea. Mti unadai udongo, maji, nitrojeni, nafasi na miaka, na kituo cha angani kina upungufu wa vyote vitano. Mpingo huhitaji miaka 70 hadi 100 kukomaa. Kituo kinachotoa mpingo kinatangaza kwamba kimekaa vizazi vitatu bila kuishiwa maji, na mgushi hawezi kuiharakisha hiyo. Tena mbao zenyewe ni nzito kuliko maji, mtu akikushikisha kipande ukiwa umefumba macho unaweza kudhani ni jiwe.

Kwa kuwa umesema unataka kuzitengeneza kweli kwa maonyesho, sikiliza kwanza yanayoharibika. Wengi hukata gogo jembamba vipande kama vya mhogo wa kukaanga, kwa sababu duara limeshapatikana. Baada ya wiki mbili kila kipande kina ufa kutoka katikati hadi ukingoni. Mbao husinyaa zaidi kuuzunguka moyo wa mti kuliko kuelekea moyoni, na duara la namna hiyo halina pa kukimbilia ila kupasuka. Kata ubao kwa urefu wa nyuzi, unene wa milimita 6. Paka nta kwenye ncha zote mbili, uweke kivulini penye hewa, uupime kila wiki kwa mizani ya jikoni. Uzito ukikaa palepale wiki tatu mfululizo, umekauka.

Hapo tumia msumeno wa duara unaofungwa kwenye drili, ule wa kutobolea mlango kwa ajili ya kitasa. Nenda taratibu, ukiinua kila baada ya sekunde chache, maana mpingo ukipata moto hutoa utomvu unaoziba meno na kuunguza ukingo. Keekee ya katikati itakuachia tundu. Liache! Tutaona faida yake kwenye swali lijalo. Piga msasa hadi milimita 4, ukiulowesha kidogo, na funga pua na mdomo: vumbi la mpingo huwasha ngozi na kusumbua kifua.

Maandishi ya kuchoma hayaonekani kwenye weusi. Chonga kina cha milimita 1, jaza chokaa iliyokorogwa na gundi nyeupe, ikikauka futa ya juu. Ukipata kipande kilichoshika kiini cheusi pamoja na ile mbao ya manjano ya nje, kikate hivyohivyo, utapata sarafu ya rangi mbili na hakuna mbili zinazofanana. Chukua masalia ya wachonga vinyago, wenye mbao zilizovunwa kwa kibali.

Shikamooni. Sarafu zitapimwaje mahali pasipo na uzito? Na bandia itajulikanaje?
*Mwanafunzi wa kidato cha nne, Newala*

Marahaba. Kinachopotea ni uzito, si tungamo, yaani wingi wa kitu chenyewe. Mizani ya sokoni hulinganisha mvuto, na kwenye kituo kinachoelea haina la kulinganisha. Lakini kitu chenye tungamo kubwa bado ni kizito kusukumwa, na hapo ndipo pa kukamatia. Wanaanga hupimwa miili yao kwa njia hiyo.

Unaweza kuifanya darasani. Chukua bamba la msumeno wa chuma, libane kwenye jiliwa au ukingo wa meza, sentimita 25 zikiwa nje, ubapa wake ukiwa wima ili licheze kushoto na kulia badala ya juu na chini. Ncha ya nje ifungie kizibo cha chupa kwa utepe. Weka sarafu 5 halali ndani ya kizibo, zikaze kwa utepe, vuta sentimita 3, achia, hesabu mizunguko 50 kwa saa ya simu. Kisha weka 5 unazozishuku. Nyepesi zitacheza haraka, nzito polepole: tungamo likiwa mara nne, muda wa mzunguko mmoja huwa mara mbili (ukiacha tungamo la bamba lenyewe, ambalo hupunguza tofauti hiyo kidogo). Usihesabu mizunguko 10 tu, kwa sababu kidole chako kwenye saa kinakosea kama sehemu mbili za kumi za sekunde, na kosa hilo litameza tofauti unayoitafuta. Na sarafu zikilegea ndani ya kizibo hula nguvu ya bamba, likasimama kabla hujamaliza kuhesabu.

Tungamo peke yake halitoshi. Ile mbinu ya Archimedes ya kuzamisha kitu majini nayo haifanyi kazi pasipo na uzito, maana hakuna kuzama wala kuelea. Tumia bamba lenye tundu la kipenyo halisi na mfereji wa unene halisi. Sarafu inayopita kwenye vyote viwili sawasawa na tungamo lake likawa sawa, ina uzani-ujazo ulio sawa. Hiyo itanasa chuma, shaba na risasi iliyopakwa rangi. Haitanasa tangsteni iliyovikwa dhahabu, kwa sababu dhahabu ni gramu 19.3 kwa sentimita ya ujazo na tangsteni ni 19.25. Hapo pima umeme: dhahabu huupitisha vizuri zaidi ya mara mbili ya tangsteni.

Sasa lile tundu. Kwenye kituo, sarafu uliyoiachia haianguki. Inaondoka zake na upepo wa feni hadi kwenye chujio la kuvuta hewa, ambako ndiko vitu vilivyopotea hukutwa. Wazee wetu walizitunga kwenye uzi senti 5 na senti 10 za Afrika Mashariki, na watu wa Kilimia wafanye vivyo hivyo. Tundu la milimita 8 kwenye sarafu ya milimita 30 linapunguza madini kwa asilimia 7 tu.

Na kama hadithi yako ina watu wanaobeba sarafu nje ya kituo, kwenye utupu, usiwaachie dhahabu tupu ikisuguana. Metali safi zisizo na kutu wala utando zikibanana pasipo hewa huweza kuungana zenyewe, baridi, bila lehemu. Dhahabu haishiki kutu, ndiyo hatari zaidi. Mwaka 1991 chombo cha angani cha Galileo kilikwama kufungua antena yake kubwa, na uchunguzi ukaelekeza kwenye pini zilizopoteza kilainisho zikang'ang'ania matundu yake. Utando wa rangi wa titaniamu husaidia kupunguza hatari hiyo.

Hapa kwetu kuna kinywe (grafiti, ile ya ndani ya penseli). Kinafaa kwa sarafu?
*Msomaji, Ruangwa*

Hakifai, kitaishia kwenye vidole vya watu. Wala usikitumie kulainisha mashine za kugongea sarafu kwenye utupu: tabaka za kinywe huteleza vizuri kwa msaada wa unyevu wa hewa, na bila unyevu huo kinasaga badala ya kulainisha. Kitumie kwenye chungu cha kuyeyushia madini, hapo hakina mpinzani.

Sarafu iandikwe nini, na mwaka gani, ikiwa kila kituo kina kalenda yake?
*Mwalimu wa historia, Kilwa Masoko*

Mwalimu, jibu la kwanza liko ng'ambo ya maji yako. Sarafu za shaba za masultani wa Kilwa ziliandikwa kwa vina. Upande mmoja: *Ali bin al-Hasan*. Upande wa pili: *yathiqu bi-mawla al-minan*, yaani humtumaini Mola mwenye fadhila. Jina linaishia *-an*, sifa inaishia *-an*, na ili upate kina cha pili lazima uigeuze sarafu. Masultani waliomfuata walitafutiwa kila mmoja sifa inayoendana na jina lake. Hatujui fedha nyingine inayomfaa msomaji wa Kiswahili kuliko hii, na tunashangaa watunzi wetu wanapokimbilia tai na mataji ya Ulaya.

Kwa hiyo mpe mtawala wa Kilimia ubeti. Kwa mfano, mbele MWANA SAADA WA KILIMIA, nyuma HEWA NA MAJI ATUGAWIA: mizani 10 kwa 10, kina kimoja. Pima nafasi kabla hujachonga. Mstari wa mduara ulio milimita 12.5 kutoka katikati una urefu wa milimita 78.5, na herufi 22 pamoja na nafasi zake hupata milimita 3.5 kila moja. Zikiwa chini ya 2.5 zitazibana wakati wa kusubu.

Kuhusu mwaka, jifunze kwenye kasoro ya sarafu hizohizo za shaba: hazina tarehe wala mahali zilipogongwa. Ndiyo maana kipande kimoja cha sultani al-Hasan bin Sulaiman kilipopatikana kwenye magofu ya Great Zimbabwe, au vitano vya Kilwa vilipookotwa mwaka 1944 kisiwani Marchinbar, kaskazini mwa Australia, vilikokutwa pamoja na sarafu za Kiholanzi, chenyewe kipande hakisemi kilifika lini wala na nani. Kwa mtunzi hilo ni fumbo tamu, kwa hazina ya dola ni balaa. Andika alama ya kituo na hesabu ya miaka tangu kituo kianzishwe. Usiandike mwaka wa sayari: mwaka wa Mirihi ni siku 687 za Dunia, na watu wataanza kubishana riba.

Kiwanda kiko makao makuu. Kituo cha mbali kikitengwa na vita kitapata wapi sarafu?
*Msomaji, Mtwara mjini*

Kitajigongea. Mwaka 1916 utawala wa Kijerumani, ukiwa umefungiwa bahari, uligonga sarafu Tabora kwenye karakana ya reli. Dhahabu ya Sekenke ilitoa rupia 15 zenye picha ya tembo, vipande 16,198, na shaba nyekundu na ya manjano iliyopatikana ikawa heller 5 na 20. Mihuri ilichongwa kwa haraka na kubadilishwa mara kwa mara, hivyo heller hizo hazifanani zote. Mpe mhusika wako mwenye jicho kali tofauti za namna hiyo, zitamwonyesha sarafu imetoka mwezi gani wa vita.

Na usisahau jina la mtaani. Heller imetuachia *hela*, paisa imetuachia *pesa*, shilingi 5 iliitwa *dala*, na leo 500 ni *jero*. Hakuna benki iliyoamuru hata moja. Jina rasmi la sarafu ya Kilimia lisilokatwa na wapiga debe wa kituoni halijatumika.

Nahitaji sarafu 60 za jukwaani, bajeti ni ndogo. Naweza kusugua za shilingi 50?
*Mlezi wa klabu ya maigizo, Masasi*

Usizisugue, Mwalimu. Kuharibu sarafu halali ni kosa la jinai, na wanafunzi wataiga. Usitengeneze pia kitu cha ukubwa na sura ya shilingi yetu.

Tumia majalada ya kaunta buku. Kata maduara ya milimita 40 (ya 25 hayaonekani kutoka benchi la nyuma), gandisha matatu pamoja, yaache chini ya matofali usiku mzima. Ukiruka tofali yatajikunja kama kaukau. Chora mchoro kwa uzi mnene uliochovywa gundi, na uzi mwingine uzunguke ukingoni. Uzi wa ukingoni uwe juu kuliko mchoro, la sivyo mchoro utasagika kwa kushikwashikwa. Funika kwa foili, ukiibana kwa pamba kutoka katikati kwenda nje, kisha paka dawa ya viatu nyeusi na kuifuta mara moja ili ibaki mabondeni. Mfuko wa mfanyabiashara tia na washa 10 za chuma. Karatasi hailii, na hadhira husikia.

Huku ufukweni tunaokota ile mifupa myeupe ya dome, yule wa jamii ya ngisi. Ni kweli masonara husubu ndani yake?
*Msomaji, Mikindani*

Ni kweli. Chukua mkubwa, mkavu kabisa, usio na ufa. Upasue kwa urefu na usugue nyuso mbili kwenye msasa uliolala juu ya kioo mpaka zishikane bila kupitisha mwanga. Bonyeza kielelezo cha sarafu, nusu kila upande. Chonga mdomo wa kumiminia kama faneli na mifereji midogo mitatu ya hewa inayopanda juu, kisha funga kwa waya. Herufi ukizichonga moja kwa moja ndani ya mfupa, ziandike kinyume.

Yeyusha waya wa lehemu usio na risasi, wa bati asilimia 99, unaoyeyuka kwenye nyuzi 227 hivi. Wenye risasi uache dukani, sarafu zitaingia midomoni mwa watoto. Fanyia nje, maana dawa iliyo ndani ya waya hutoa moshi mkali. Engua ule uchafu unaoelea juu kabla ya kumimina. Kipande cha milimita 25 kwa 2 hula gramu 7.2, lakini yeyusha 15 ili mdomo ujae na kusukuma chini. Sarafu ikitoka na ukingo uliomegeka, bati lilipoa njiani au hewa ilikosa pa kutokea. Mfupa ukiwa na unyevu, maji hugeuka mvuke na kurusha bati usoni: uanike juani siku tatu, vaa miwani, na usisimame mbele ya mdomo. Mistari kama mawimbi utakayoiona kwenye sarafu ni tabaka za mfupa. Wengine huipiga msasa, sisi tungeiacha. Kalibu hubeba mimino michache tu kabla mchoro haujafifia, na vipande vya mdomoni ukivikata virudi chunguni.